Nani Anamdai Nani

Kifurushi kinatoka mkono mmoja kwenda mwingine. Ni Milano, uwanja wa Piazza del Duomo, mbele ya kanisa kuu la mji. Njiwa wametapakaa chini, watu wanapita na shughuli zao, hakuna anayemtazama mwenzake usoni. Mtu anampa mtu, wanapishana, wanapotelea kwenye treni ya chini ya ardhi, wanaibukia kwingine. Kifurushi kinapowafikia wenyewe kinafunguliwa, na badala ya dola ndani mna karatasi tupu zilizokatwa kwa kipimo cha noti. Waliokibeba wanasakwa mmoja mmoja, wanapigwa, kisha wanafungwa pamoja ndani ya pango na kulipuliwa kwa baruti. Picha ndiyo kwanza imeanza. Inaitwa Milano calibro 9, ya mwaka 1972, na aliyeiandika na kuiongoza ni Fernando Di Leo.

Nimeandika hadithi za uhalifu za redio na televisheni Dar es Salaam kwa sehemu kubwa ya maisha yangu ya kazi. Diski ya picha hiyo nilipewa na rafiki yangu aliyesoma Bologna, wakati mimi na wenzangu tukihangaika na tamthilia ndefu ya majambazi iliyokuwa imeishiwa pumzi. Bastola zilikuwa nyingi, maiti nyingi, na watazamaji walikuwa wameanza kuhamia kwenye tamthilia za Kituruki. Niliitazama ile picha hadi mwisho, nikairudisha mwanzo palepale. Damu nilishaizoea. Kilichonishika ni kwamba katika dakika zile za kwanza, bila mtu kunieleza lolote, nilikuwa tayari najua hesabu yote: dola laki tatu zimepotea, kuna mtu anazo, na kila atakayetokea kuanzia hapo atatokea akiwa mdai au mdaiwa.

Naamini hapo ndipo ulipo uzito wa kazi ya Di Leo. Watu humtaja kwa ukatili wa picha zake, kwa muziki wake, kwa magari yanayofukuzana. Mimi namtaja kwa swali moja ambalo aliliuliza katika kila muswada aliouandika: nani anamdai nani?

Alizaliwa tarehe 11 Januari 1932 katika mji mdogo wa San Ferdinando di Puglia, kusini mwa Italia. Sinema aliifanyia Roma, na kabla hajajulikana kama mwongozaji alikuwa kalamu ya wenzake. Sergio Leone alipotengeneza Per un pugno di dollari mwaka 1964, picha iliyomtoa Clint Eastwood, Di Leo alikuwa miongoni mwa walioushika muswada, na jina lake halikuandikwa. Mwaka uliofuata alishirikiana na Duccio Tessari kuandika Il ritorno di Ringo. Mwaka 1966 alimwandikia Lucio Fulci picha ya kauboi aliyocheza Franco Nero, ile ambayo Waitaliano huiita kwa kifupi Tempo di massacro, na akashiriki kuandika Navajo Joe ya Sergio Corbucci, aliyocheza Burt Reynolds.

Msomaji wa rika langu aliyekulia mwambao atakuwa ameshtuka kidogo. Hizo ndizo picha za kauboi zilizojaza sinema zetu. Mjomba wangu alizitazama kwenye sinema ya Majestic, Tanga, na mtaani kwetu alikuwepo fundi baiskeli aliyeitwa Ringo hadi anazeeka. Jina alilopewa na baba yake sikuwahi kulisikia. Mjomba alizisimulia picha hizo barazani baada ya magharibi, na alizisimulia kwa hesabu: huyu kamwua kaka yake yule, yule kamnyang'anya huyu shamba, sasa lazima wakutane. Farasi na vumbi alivipita upesi. Alipofika kwenye deni, hapo alikaa, akamwaga kahawa nyingine, akatuuliza sisi watoto tunaonaje, haki ya nani. Tulibishana hadi tunaitwa ndani.

Miaka ile ya kuandikia wengine, baadhi ya watu huisimulia kama dhuluma aliyofanyiwa Di Leo. Kukosa jina lako kwenye pazia kunauma, silikatai. Lakini picha za kauboi za Kiitaliano ziliandikwa haraka, kwa fedha kidogo, kwa watazamaji wasiovumilia uvivu wa mwandishi. Muswada ulipaswa kumfanya mtu aliyetoka shambani Calabria na mtoto wa Tanga wajue kwa pamoja, ndani ya dakika tano, kwa nini yule pale hatalala hadi ampate huyu. Huwezi kuandika picha za namna hiyo moja baada ya nyingine bila mkono wako kuzoea kuanzia kwenye hesabu ya watu, kabla ya bunduki. Alipoachana na farasi akahamia mjini, mkono huo alihama nao.

Mji wenyewe alikabidhiwa na mwandishi mwingine, Giorgio Scerbanenco. Huyu alizaliwa Kyiv mwaka 1911, baba Mukraine na mama Mwitaliano, akaletwa Italia utotoni, akafia Milano mwaka 1969. Aliandika mengi sana, yakiwemo ya mapenzi kwa magazeti ya kina mama, lakini kilichombakiza ni riwaya zake za mwisho kuhusu Duca Lamberti, daktari aliyefungwa na kuvuliwa udaktari kwa sababu ya kumsaidia mgonjwa kufa, kisha akawa anafanya kazi na polisi. Milano ya Scerbanenco ni mji uliotajirika ghafla baada ya vita. Viwanda vinanguruma, treni kutoka kusini zinamwaga watu na masanduku yaliyofungwa kamba kwenye stesheni ya Centrale, na fedha inapita mbele ya macho ya watu ambao hawatakaa waiguse. Di Leo alitoa kwake I ragazzi del massacro mwaka 1969, kisha hadithi fupi zake zikampa jina na mbegu ya Milano calibro 9 na La mala ordina. Nasema mbegu kwa sababu Ugo Piazza, mtu mkuu wa Milano calibro 9, kwa sehemu kubwa ni wa Di Leo mwenyewe.

Na sisi katika miaka hiyohiyo tulikuwa na wetu. Faraji Katalambulla alishatoa Simu ya Kifo mwaka 1965, na mwaka 1974 Elvis Musiba alimleta Willy Gamba katika Kufa na Kupona. Nilivisoma vitabu hivyo vikiwa vimechakaa kwa kupita mikono mingi, vingine bila jalada. Vilinifundisha kasi. Lakini Willy Gamba ni mtumishi wa nchi yake na adui yake anatoka nje. Kwa Di Leo nilikutana na kitu kingine: mji ambao adui na rafiki wamekula meza moja, na mwandishi anayemjali jambazi kiasi cha kumpa hadhi, bila kumsafisha.

Nilipopata nafasi ya kufika Milano kwa shughuli ya waandishi, nilitembea kwa miguu kutoka Duomo hadi gereza la San Vittore. Sio mbali. Nilitegemea kuta zilizojitenga, na badala yake nikakuta gereza la tangu mwaka 1879 limekaa katikati ya nyumba za watu, madirisha ya majirani yakitazama kuta, nguo zimeanikwa, mtoto anapita na baiskeli. Katika picha Ugo anatoka humo baada ya kifungo cha miaka mitatu, na nje anasubiriwa na Rocco, mtu wa genge lililoibiwa. Hapewi hata siku moja ya kupumua. Deni halikusubiri aende nyumbani kwanza, na ukisimama kwenye barabara ile unaelewa kwamba lisingeweza kusubiri: mji umekaa mlangoni.

Kabla ya hapo nilipita Piazza Fontana, hatua chache kutoka Duomo. Tarehe 12 Desemba 1969 bomu lililipuka pale ndani ya benki, watu 17 wakapoteza maisha, na Italia ikaingia katika miaka mirefu ya mabomu, mauaji ya kisiasa na watu kushukiana. Di Leo alipiga picha yake hatua chache kutoka hapo, miaka mitatu haijatimia. Bomu lenyewe halimo kwenye hadithi. Lakini wamo makamishna wawili wa polisi, mmoja aliyechezwa na Frank Wolff na mwingine, Mercuri, aliyechezwa na Luigi Pistilli, wanaobishana ofisini. Wa kwanza anataka wahalifu wakamatwe na mjadala ufungwe. Mercuri anamuuliza kwa nini polisi wanamkimbiza mwizi mdogo wakati matajiri wanahamishia fedha nje ya nchi kwa raha zao, na kwa nini kila Mtaliano wa kusini anayekuja kutafuta riziki anatazamwa kama mshukiwa. Wapo wanaosema mabishano hayo yanaichelewesha picha. Kweli yanaichelewesha, na ningekuwa mhariri wake nisingegusa hata neno moja. Mtu wa Puglia amekaa Milano anaandika, na anataka tujue kwamba deni la dola laki tatu ni dogo ukilinganisha na lile ambalo hakuna genge linalokwenda kulidai.

Sasa Ugo mwenyewe. Aliyemcheza ni Gastone Moschin, ambaye wengi watamkumbuka zaidi kama Don Fanucci, yule bwana wa suti nyeupe anayepigwa risasi na kijana Vito katika sehemu ya pili ya The Godfather. Watazamaji wa Italia walimzoea kwenye vichekesho. Di Leo akauchukua uso ule mpana, akaunyima maneno. Rocco, aliyechezwa na Mario Adorf, anasema kwa niaba ya watu watatu: anapiga kelele, anatukana, anacheka, anapiga. Ugo anajibu kwa sentensi moja ileile, kwamba fedha hana. Anaambiwa na Rocco, anaambiwa na bosi anayeitwa Mmarekani, anaambiwa na kamishna, na wote anawajibu hivyohivyo. Na sisi tunamwamini! Tunamwamini kwa sababu anapigwa bila kujitetea, na anarudi kufanya kazi kwa watu walewale wanaompiga. Kila tunachokiona kinasema huyu kaonewa.

Kisha, karibu na mwisho, anakwenda kuzichukua. Zilikuwepo siku zote. Alizichukua yeye.

Niliirudia picha kutafuta mahali ambapo mwandishi alinidanganya, na sikupaona. Hakuna hata pale ambapo Ugo anafanya jambo ambalo mtu asiye na fedha angefanya na mwenye fedha asingeweza. Kila kitendo chake kinabeba maana mbili kwa wakati mmoja, na Di Leo hakumpa mtu yeyote wa kumnong'oneza siri, hata Nelly, mwanamke anayempenda. Waandishi wa tamthilia tunajua ugumu wa jambo hilo. Tumezoea kumpa mhusika rafiki wa kumweleza yaliyomo moyoni, kwa kuwa tunaogopa mtazamaji atapotea. Mtazamaji hapotei. Akishajua kuna deni, atakaa akihesabu mwenyewe.

Kwenye banda umiza za utotoni mwetu kulikuwa na sheria moja ambayo kila mtoto aliijua: steringi hafi. Hata azingirwe na jeshi, steringi hafi. Ugo Piazza anakufa, na hafi mikononi mwa maadui zake wakubwa. Hao amewamaliza. Anapigwa risasi ya mgongo na kijana wa pembeni, mpenzi wa siri wa Nelly, mtu ambaye hakuwahi hata kuwa kwenye hesabu. Ndipo Rocco anapoingia, yule Rocco aliyempiga na kumdhalilisha tangu langoni mwa gereza, anamkuta kijana yule na maiti. Anamkamata na kumwua kwa mikono yake, akimfokea kwamba mtu kama yeye hana ruhusa ya kumgusa Ugo Piazza. Mbele ya mtu kama Ugo unavua kofia. Adorf anaicheza kama mtu aliyefiwa na ndugu. Rocco amegundua kwamba Ugo aliwaibia wote, peke yake, na akavumilia kipigo bila kutikisika, na ghafla yeye ndiye anayedaiwa: anadaiwa heshima na maiti aliyelala sakafuni. Sijawahi kuona heshima ikilipwa kwa namna ya kikatili kiasi hicho, na bado nikaiamini.

Muda si mrefu baada ya kuitazama picha hiyo tulikaa kusoma skripti ya tamthilia yetu. Alikuwepo mama mmoja, mwigizaji wa siku nyingi aliyeanzia kwenye michezo ya redio. Tulimpa sehemu ya mama mwenye nyumba ambaye mpangaji wake ni mwizi wa magari, na kwenye karatasi alikuwa na maneno mengi ya kugombeza. Aliyasoma kimya, akavua miwani.

"Mwanangu, huyu kijana ananidai nini?"

Nikamjibu, "Hapana, mama, wewe ndiye unayemdai. Kodi."

"Hilo nimeliona. Nauliza yeye ananidai nini mimi."

Chumba kikatulia. Kisha binti mmoja mwandishi, mdogo kuliko wote pale, akasema labda usiku mmoja kijana alimkimbiza mjukuu wake hospitali, na mama hakuuliza gari lile lilikuwa la nani.

Mama akapiga meza kwa kiganja. "Haya! Sasa nitamgombeza vizuri. Na nitamgombeza kwa sauti ya chini."

Tulikata maneno yale yote, tukabakiza sentensi moja ya kodi. Alipoisema mbele ya kamera, akitazama pembeni, kila mtu aliyekuwepo alijua kwamba hatamfukuza na kwamba anajichukia kwa hilo. Mama yule hakuwahi kusikia jina la Di Leo. Swali alilouliza lilikuwa lilelile.

Kuna jambo la sauti ambalo sitaki kulipita. Picha za Italia za miaka ile kwa kawaida zilipigwa bila kutegemea sauti ya mahali. Waigizaji waliingiziwa sauti baadaye studio. Katika Milano calibro 9 Moschin ni Mtaliano, Adorf ametoka kwenye sinema ya Ujerumani, Philippe Leroy ni Mfaransa, na Lionel Stander, yule bosi, ni Mmarekani aliyehamia Ulaya baada ya kunyimwa kazi Hollywood enzi za msako wa wakomunisti. Mwandishi wa picha ya namna hiyo anajua kwamba maneno yake yatasemwa na mdomo mmoja na kusikika kwa koo la mtu mwingine, kwa hiyo hawezi kuyaacha yabebwe na lafudhi au mguno wa mwigizaji. Sisi tuliokua tukisikiliza picha za nje zikisimuliwa kwa Kiswahili na akina Lufufu tunalielewa hili vizuri. Lufufu aliweza kuweka sauti yake juu ya Mchina, Mhindi na Mmarekani, na picha ikasimama au ikaanguka kwa jambo moja: kama uhusiano wa watu wale ulikuwa wazi bila maneno yao. Picha yenye deni lililo wazi aliisimulia kwa raha. Nyingine ilibidi aiokoe kwa nguvu zake.

La mala ordina, iliyotoka mwaka huohuo wa 1972, imepindua hesabu. Shehena ya heroini imepotea, New York inataka mtu, na bosi wa Milano, aliyeila yeye mwenyewe, anamtaja Luca Canali, kuwadi mdogo asiyejua lolote. Wauaji wawili wanatumwa kutoka Marekani, Henry Silva na Woody Strode, mmoja mzungumzaji na mpenda starehe, mwingine mkimya na mweusi. Wengi wamewaona kuwa wazee wa wale wauaji wawili wa Pulp Fiction ya Quentin Tarantino ya mwaka 1994, na Tarantino mwenyewe hajawahi kuficha mapenzi yake kwa Di Leo. Luca hadaiwi. Hilo ndilo linalomfanya awe hatari, kwa sababu mtu asiyedaiwa hana cha kulipa ili aachwe. Mkewe na binti yake wanapogongwa na gari na kuuawa mbele ya macho yake, anaanza kulikimbiza gari lile, kwa miguu, kwa gari, kwa miguu tena, hadi ananing'inia mbele yake na kukivunja kioo cha dereva kwa kichwa. Kwa paji la uso! Adorf, yuleyule aliyekuwa Rocco mpiga kelele, hapa ana macho ya mtu aliyebakiwa na dakika moja tu ya kuishi.

Il boss ya mwaka 1973 imehamia Palermo, na siipendi kama hizo mbili, ingawa mwanzo wake, ambapo Silva anawalipua watu wa genge pinzani wakiwa wamekaa kwenye ukumbi wa sinema, haumtoki mtu. Humo kila ahadi inasalitiwa, na kila anayelipa anaambiwa bado. Ni picha ya mtu aliyekata tamaa na nchi yake.

Nitakaa zaidi kwenye Il poliziotto è marcio ya mwaka 1974, ambayo haitajwi inavyostahili. Polisi kijana, Malacarne, mtanashati, anayesifiwa mjini, kumbe anakula fedha za wasafirishaji wa magendo. Baba yake naye ni askari wa carabinieri, mzee wa cheo cha chini, mnyoofu, aliyetumikia maisha yake yote kwa mshahara wake tu. Siku moja genge linataka karatasi ipotee, karatasi ndogo ya malalamiko kuhusu gari, na karatasi hiyo iko kwenye kituo cha baba. Mtoto anakwenda kuiomba. Ili aiombe, lazima amwambie mzee yeye ni nani hasa. Salvo Randone, anayemcheza baba, hafoki. Uso unazeeka pale pale mbele yetu. Yeye anadhani anamdai mwanawe heshima kwa yote aliyomfanyia, na mtoto amekuja kudai zaidi. Baba wa Kiafrika aliyesomesha mtoto kwa mshahara wa serikali atakaa na onyesho hilo siku nyingi.

Kampuni yake ya kutengeneza picha Di Leo aliiita Daunia 70, kwa jina la kale la eneo alikotoka. Alitengeneza picha nyingi, nyingine za kuganga njaa, na si kila alichogusa kilikuwa chema. Upungufu wake mkubwa ninaouona ni kwa wanawake. Nelly wa Barbara Bouchet anacheza ngoma vizuri, anasaliti, anauawa kwa ngumi ya Ugo, na hatuambiwi hata mara moja yeye alikuwa anamdai nani. Mwandishi aliyejua kuuliza swali lile kwa kila kuwadi na kila mlinzi wa mlango hakumuuliza yeye. Mwaka 1978, katika Avere vent'anni, alijaribu. Wasichana wawili wanasafiri kwa lifti kwenda Roma wakiamini ujana wao haudaiwi na mtu, na mwishoni wanaume waliokataliwa wanawakuta msituni na kuwaua. Mwisho ule ni mgumu mno kutazama. Watazamaji waliikimbia, na wasambazaji wakaikata upya ili mauaji yasionekane, na picha ikabaki haina maana kabisa. Toleo kamili ndilo la kutafuta, kwa mtu mwenye moyo.

Picha yake ya mwisho, Killer contro killers, ni ya mwaka 1985. Baada ya hapo alibaki na vitabu. Alifariki Roma tarehe 1 Desemba 2003. Mwaka uliofuata tamasha la filamu la Venezia liliandaa maonyesho ya sinema ya Italia iliyokuwa imesahauliwa, Tarantino na Joe Dante wakiwa walezi wake, na picha za Di Leo zikaonyeshwa pale ambapo wakati wa uhai wake zisingekaribishwa. Alikosa kuliona hilo kwa miezi tisa.

Ninapokaa na waandishi vijana siwaonyeshi Milano calibro 9 kwanza. Nawaonyesha La città sconvolta ya mwaka 1975. Italia ya wakati ule utekaji nyara ulikuwa biashara kamili; miaka miwili kabla, mjukuu wa tajiri wa mafuta Getty alitekwa Roma, na babu yake, mmoja wa watu matajiri kuliko wote duniani, alibishana bei hadi kijana akakatwa sikio. Katika picha watoto wawili wanatekwa pamoja kwa bahati mbaya, mmoja wa mjenzi tajiri aliyechezwa na James Mason, mwingine wa fundi gari aliyechezwa na Luc Merenda. Tajiri anaomba apunguziwe. Anazo fedha, na anaomba apunguziwe. Ili kumharakisha, watekaji wanamwua mtoto wa fundi.

Safari moja, taa zilipowashwa, kijana ambaye familia yake ina duka la vifaa vya ujenzi Kariakoo alisema hamwoni yule tajiri kuwa mtu mbaya kupita kiasi. "Baba yangu angefanya hivyohivyo, kaka," aliniambia. "Si kwamba hampendi mtoto. Mkono wake haujui kulipa bei ya kwanza." Wenzake wakamrukia. Dada mmoja aliyekaa nyuma, mke wa dereva wa bajaji, akamuuliza kwa utulivu fundi alikuwa na bei gani mezani. Hakuna aliyejibu. Akauliza tena: yule fundi amemkosea nini mtu, hata mwanawe awe ndiye wa kulipia ubishi wa mwingine? Ubishi uliendelea hadi mlinzi alipokuja kufunga ukumbi, na wale wawili wakatoka wakiwa bado wanazungumza, wakaendelea kituoni, mabasi yakipita.

Sasa wanaandika pamoja. Ni hadithi ya mwenye duka na dereva wake wa mizigo, Gerezani, na mzigo wa nondo uliopungua njiani. Wameshanipa sehemu tatu. Mwenye duka anamdai dereva nondo, dereva anamdai mwenye duka mkono ulioumia kazini, na mke wa dereva, ambaye katika rasimu ya kwanza alikuwa anapika tu, ana daftari ambamo ameandika kila senti tangu siku mumewe alipoajiriwa. Katika sehemu ya tatu amevaa khanga yake, amelipakata daftari, amekwenda dukani, na mwenye duka amemwambia aketi.

Nimewaambia wasinieleze kitakachotokea.